Herufi tatu, wamiliki tele: Safari ya chapa ya spika za JBL

MTEJA anayeingia katika maduka ya vifaa vya elektroniki kwenye barabara ya Luthuli jijini Nairobi aghalabu huulizia spika kwa jina la chapa, wala si kwa jina la kampuni inayoimiliki chapa hiyo. Miongoni mwa majina hayo ni JBL, herufi tatu zinazoonekana kwenye spika ndogo za kubebwa mkononi, katika kumbi za burudani na ndani ya magari.

Ni wachache wanaofahamu kwamba herufi hizo ni kifupisho cha jina la binadamu. Wachache zaidi wanajua kwamba mwenye jina alizuiwa kulitumia atakavyo angali hai, na kwamba alifariki karakana yake ikiwa imezama katika madeni. Tangu alipoanza kulijenga upya, jina hilo limepita katika himaya ya kampuni ya injini za ndege, ya matairi, ya vyakula na hatimaye ya simu na televisheni.

Kisa cha JBL ni kielelezo cha jambo ambalo wanunuzi na wafanyabiashara wengi hulisahau. Jina la biashara ni mali kama shamba au nyumba. Huuzwa, hurithiwa, hugawanywa na kuhamishwa kutoka mkono mmoja hadi mwingine, huku fundi aliyelijengea sifa akiweza kubaki mikono mitupu.

Mwana wa mhandisi wa migodi

Mwasisi wa chapa hii alizaliwa Januari 14, 1902 katika jimbo la Illinois, Marekani, akapewa jina James Martini. Alikuwa miongoni mwa watoto 14 wa mhandisi wa migodi ya makaa ya mawe. Tangu utotoni alivutiwa na umeme na mitambo ya redio, teknolojia iliyokuwa changa enzi hizo.

Katika ujana wake alihamia Salt Lake City, jimbo la Utah, na huko akafahamiana na Ken Decker. Wawili hao waliafikiana kuanzisha biashara ya kutengeneza spika. Mnamo 1927 walihamia Los Angeles na kusajili kampuni ya Lansing Manufacturing. Wakati huo Martini alikuwa amejibadilisha jina na kuwa James Bullough Lansing.

Mgawanyo wa kazi ulikuwa wazi. Lansing alikuwa fundi, na makao yake yalikuwa karakana. Decker alishughulikia hesabu, wateja na benki. Mpango huo uliwafaa wote wawili, kwa kuwa Lansing hakuwa na kipaji cha biashara kama alivyokuwa na kipaji cha sumaku na koili.

Bahati nayo iliwaangukia. Mwaka huo huo wa 1927 ndio filamu ya The Jazz Singer ilipozinduliwa, na sinema ambazo awali zilikuwa bubu zikaanza kuzungumza na kuimba. Kumbi za sinema kote Marekani zikahitaji spika zenye uwezo wa kuwafikishia mamia ya watazamaji maneno yaliyo bayana.

Spika za mwanzo za kumbi hizo hazikuridhisha. Sauti nzito za ngoma na sauti nyembamba za filimbi zilitoka kwa namna isiyolingana, na wakati mwingine moja ilichelewa kumfikia msikilizaji. Kampuni ya filamu ya MGM, chini ya mkuu wa idara yake ya sauti Douglas Shearer, iliamua kutafuta suluhisho.

Kikosi hicho, alichokuwamo mhandisi John Hilliard, kilibuni mtambo wa njia mbili. Spika kubwa zilibeba sauti nzito, ilhali vifaa vidogo vilivyofungwa kwenye midomo mipana mithili ya tarumbeta vilibeba sauti nyembamba. Kampuni ya Lansing ilikuwa miongoni mwa washirika waliotengeneza vifaa hivyo. Kazi hiyo iliwatunukia Shearer na idara yake tuzo ya Akademia ya Filamu kwa mafanikio ya kiufundi ya mwaka 1936.

Mkataba wa kwanza

Wahenga walisema kidole kimoja hakivunji chawa. Mnamo 1939 Decker alifariki katika ajali ya ndege, na Lansing akasalia na kampuni nzuri isiyokuwa na mtu wa kuisimamia kifedha. Katika muda wa miaka miwili, biashara ilikuwa taabani.

Mnunuzi aliyejitokeza aliitwa Altec. Kampuni hiyo nayo ilikuwa imezaliwa kutokana na mvutano wa umiliki. Western Electric, tawi la utengenezaji la kampuni kubwa ya simu ya AT&T, lilikuwa na kitengo kilichofunga na kukarabati mitambo ya sauti katika majumba ya sinema. Shinikizo la sheria za Marekani dhidi ya uhodhi wa soko lilichangia kuiondoa Western Electric katika kazi hiyo. Baadhi ya wahandisi wake wakaichukua huduma hiyo na kuunda Altec mnamo 1937.

Altec ilikuwa na wateja lakini haikuwa na kiwanda. Lansing alikuwa na kiwanda lakini hakuwa na fedha. Mnamo Desemba 1941, siku chache kabla ya Marekani kuingia katika Vita vya Pili vya Dunia, Altec iliinunua kampuni yake kwa dola 50,000. Muungano huo ukaitwa Altec Lansing.

Kwa mtazamo wa haraka, mkataba huo ulikuwa wa heri. Lansing alipewa cheo cha makamu wa rais anayesimamia uhandisi, na jina lake likawekwa kwenye ubao wa kampuni. Katika kipindi hicho zilibuniwa spika ambazo wapenzi wa muziki huzienzi hadi leo, zikiwemo aina ya 604 na mitambo ya kumbi za sinema iliyoitwa Sauti ya Ukumbi, iliyoingia sokoni mnamo 1945.

Hata hivyo, ndani ya mkataba huo mlikuwa na jambo zito. Pamoja na mashine na michoro, Altec ilikuwa imenunua pia jina. Tangu siku hiyo, Lansing alikuwa mwajiriwa katika kampuni inayomiliki jina lake la ukoo.

Fundi adaiwa jina lake

Muda wake wa miaka mitano ulipokwisha mnamo 1946, Lansing aliondoka. Alitaka kuunda spika kwa namna aliyoipenda, zikiwemo za matumizi ya nyumbani. Alisajili kampuni mpya na kuiita Lansing Sound.

Altec ililalamika mara moja. Ilidai kuwa wateja wangechanganyikiwa, kwani jina Lansing lilikuwa sehemu ya jina lake la kibiashara. Baada ya majadiliano, fundi huyo alilazimika kutumia jina lake kamili, na kampuni ikawa James B. Lansing Sound.

Suala hilo laweza kuonekana dogo, lakini ndilo kiini cha kisa chote. Katika sheria za biashara, jina hulindwa kwa sababu ya kile ambacho wateja hulihusisha nalo. Mtu akishauza sifa ya biashara yenye jina lake, hawezi kesho yake kufungua duka jirani kwa jina lile lile na kuwavuta wateja wale wale. Kuzaliwa na jina si tiketi ya kulitumia sokoni.

Kiufundi, Lansing hakuwa amefifia. Mnamo 1947 alitoa spika ya inchi 15 iliyoitwa D130. Koili yake ilikuwa na kipenyo cha inchi nne, upana ambao haukuwa wa kawaida kwa spika ya aina hiyo. Koili ndiyo waya uliozungushwa ambao, umeme unapopita ndani yake karibu na sumaku, husukuma na kuvuta karatasi ya spika na hivyo kuzalisha sauti. Koili pana hustahimili joto na hutoa sauti kubwa kwa umeme kidogo.

Kifedha, mambo yalikuwa kinyume. Ili kupata mtaji na mahali pa kufanyia kazi, Lansing alishirikiana na Marquardt, kampuni ya California iliyojishughulisha na injini za ndege. Marquardt ilimpa nafasi na fedha, nayo ikapata sehemu ya hisa. Mweka hazina wake, William Thomas, akawa mwakilishi katika bodi ya kampuni ya spika.

Mnamo 1949 Marquardt yenyewe ilinunuliwa na kampuni ya matairi ya General Tire. Mmiliki mpya hakuona faida ya kujishughulisha na spika, na uhusiano ukakatwa. Lansing akajikuta tena peke yake, na kufikia wakati huo deni lilikuwa limepanda hadi takriban dola 20,000.

Mnamo Septemba 1949, akiwa na umri wa miaka 47, James Lansing alijitoa uhai.

Bima na herufi tatu

Kwa kawaida, kampuni ndogo yenye madeni humfuata mwasisi wake kaburini. Hii haikumfuata, na sababu yake ni bima ya maisha ya dola 10,000 ambayo ilikuwa imechukuliwa kwa faida ya kampuni. Fedha hizo zilitosha kuiokoa isifungwe.

Thomas, yule mweka hazina aliyetoka Marquardt, alishika usukani. Alinunua theluthi ya hisa iliyokuwa mikononi mwa mjane wa Lansing, na kampuni ikawa yake. Mhasibu akawa mrithi wa fundi.

Mzozo wa jina nao haukuisha kwa kifo. Spika za kampuni hiyo zilikuwa zikiuzwa kwa jina la Jim Lansing, jambo ambalo Altec Lansing haikulifurahia. Mnamo 1955 Thomas aliamua kulikata jina hilo hadi kwenye mizizi. Kampuni ilibaki kuitwa James B. Lansing Sound katika vitabu vya usajili, lakini kwenye spika zikaandikwa herufi tatu tu: JBL.

Hatua hiyo iliyotokana na shinikizo iligeuka kuwa faida kubwa. Herufi tatu hutamkika katika lugha yoyote na hutosha kwenye kifaa cha ukubwa wowote. Fauka ya hayo, hazikumdai yeyote ruhusa.

Chini ya Thomas, spika za JBL ziliingia majumbani, studioni na katika amplifaya za magitaa, zikiwemo za Leo Fender. Katika tamasha la Woodstock la Agosti 1969, spika za D130 zilifanya kazi pamoja na vifaa vya Altec. Majina mawili yaliyotokana na mtu mmoja, yaliyogombana kwa miaka mingi, yalisikika siku hiyo kwa sauti moja.

Harman aingia

Mwaka huo huo wa 1969, Thomas aliiuza JBL kwa shirika la Jervis lililoongozwa na Sidney Harman. Harman alizaliwa Montreal, Kanada, mnamo 1918. Alikuwa ameanzisha kampuni ya Harman Kardon mnamo 1953 pamoja na Bernard Kardon. Baadaye Jervis ilibadilishwa jina na kuwa Harman International.

Hapa ndipo tofauti ilipojitokeza baina ya chapa na kampuni mama. Harman hakuliondoa jina la JBL na kuweka lake. Alitambua kwamba alichonunua hasa ni imani ya wateja katika herufi hizo. Fedha zake zilikuza kiwanda na masoko. Spika ya nyumbani ya L100, iliyotokea mnamo 1970, ikawa miongoni mwa zilizouzwa kwa wingi zaidi katika historia ya chapa hiyo.

Mnamo 1977 Rais Jimmy Carter alimteua Harman kuwa naibu waziri wa biashara. Ili kuepusha mgongano wa maslahi, Harman aliiuza kampuni yake kwa takriban dola milioni 100. Mnunuzi alikuwa Beatrice Foods, kampuni iliyojulikana kwa maziwa na vyakula.

Msomaji aweza kuuliza: muuza maziwa ana haja gani na spika? Jibu limo katika fikra za wakuu wa biashara wa Marekani wa wakati huo. Waliamini kwamba meneja hodari aweza kuendesha shughuli yoyote, na kwamba kumiliki biashara nyingi zisizofanana ni kinga dhidi ya hasara, kwa kuwa moja ikishuka nyingine itapanda. Kwenye karatasi hoja hiyo inapendeza. Viwandani, mara nyingi humaanisha kwamba anayeamua kuhusu fedha za utafiti hajui kazi inayotafitiwa.

Harman alidumu serikalini kwa muda mfupi tu. Mnamo 1980 aliinunua tena sehemu kubwa ya kampuni yake, JBL ikiwemo, kwa takriban dola milioni 55. Chapa ya Harman Kardon haikuwemo. Ilikuwa imeuzwa kwa kampuni ya Japani, na ilimbidi mwenyewe asubiri hadi 1985 kulirejesha jina lililobeba ukoo wake. Kilichompata Lansing kilikuwa kimempata na Harman, ila yeye alikuwa na fedha za kulikomboa.

Katika miaka ya themanini, hisa za Harman International zilianza kuuzwa katika soko la hisa la New York. Tangu hapo JBL ilikuwa na maelfu ya wamiliki wasiojuana, na bei yake ikawa inategemea pia hali ya masoko.

Mnunuzi aliyerudi nyuma

Athari ya masoko ilidhihirika mnamo 2007. Mwezi Aprili, kampuni za uwekezaji za KKR na Goldman Sachs ziliafiki kuinunua Harman kwa takriban dola bilioni 8, sawa na dola 120 kwa kila hisa. Wanunuzi wa aina hii hutumia mikopo mikubwa, hupunguza gharama za kampuni, kisha huiuza kwa faida baada ya miaka kadhaa.

Lakini mikopo ilianza kuwa adimu mwaka huo, dalili za mwanzo za msukosuko wa kifedha uliotikisa dunia mnamo 2008. Kufikia Oktoba makubaliano yalikuwa yamevunjwa. Badala ya kuinunua kampuni, wawekezaji hao waliikopesha dola milioni 400.

Ni vigumu kujua JBL ingekuwa wapi leo endapo ununuzi huo ungekamilika. Lakini kampuni iliyobebeshwa deni la mabilioni kabla tu ya msukosuko ule ingekuwa na kazi ngumu ya kujinusuru. Katika historia ya umiliki, wakati mwingine mnunuzi asiyekuja ndiye huamua mustakabali.

Sidney Harman alifariki Aprili 2011 akiwa na umri wa miaka 92. Mwaka uliofuata, JBL ilizindua spika ndogo ya Flip isiyohitaji waya. Bidhaa za aina hiyo ndizo zilizowafikishia mamilioni ya vijana duniani, wa Afrika Mashariki wakiwemo, jina lililoanzia kwenye majumba ya sinema.

Korea yachukua usukani

Novemba 2016, Samsung Electronics ya Korea Kusini ilitangaza nia ya kuinunua Harman kwa dola 112 kwa kila hisa, jumla ya takriban dola bilioni 8. Ununuzi ulikamilika Machi 2017. Samsung ilizaliwa mnamo 1938 kama biashara ya samaki wakavu na tambi. Tawi lake la elektroniki lilianzishwa mnamo 1969, mwaka ule ule Thomas alipomuuzia Harman kampuni ya spika.

Wengi walidhani Samsung ilivutiwa na spika. Ukweli ni kwamba takriban asilimia 65 ya mauzo ya Harman wakati huo yalitokana na magari: mifumo ya sauti, skrini za dashibodi na teknolojia ya kuunganisha gari na intaneti. Samsung ilitaka mlango wa kuingilia kwa watengenezaji wa magari, ambao huchukua miaka mingi kumwamini mwuzaji mpya. JBL ilikuwa sehemu ya msafara huo, si sababu yake kuu.

Jambo hilo hujirudia katika biashara. Chapa maarufu inaweza kubadilisha mmiliki kwa sababu isiyoihusu. Mwaka 1949 hatima ya spika za Lansing iliamuliwa na watu wa matairi waliokuwa wakinunua kampuni ya injini. Mwaka 2017 iliamuliwa na hesabu za magari.

Samsung iliiacha Harman ijiendeshe kama kampuni tanzu yenye makao yake Marekani. Mnamo Mei 2025, Harman ilitangaza kununua kitengo cha sauti cha kampuni ya Masimo kwa dola milioni 350, na ununuzi ukakamilika Septemba mwaka huo. Kupitia mkataba huo ilipata chapa za Bowers & Wilkins, Denon, Marantz na Polk Audio. Hivyo mnunuzi anayelinganisha JBL, Denon na Polk dukani, akidhani anawashindanisha maadui, huenda analinganisha watoto wa nyumba moja.

Tawi la pili

Je, jina Altec Lansing, lililomnyima fundi uhuru wa kulitumia lake, liliishia wapi?

Mwishoni mwa miaka ya hamsini Altec ilinunuliwa na kampuni ya James Ling, mfanyabiashara wa Texas ambaye himaya yake iligeuka kuwa Ling-Temco-Vought, watengenezaji wa ndege na makombora. Baadaye Altec ilijitenga, ikafilisika katika miaka ya themanini, na ikapita mikononi mwa Gulton na kisha Mark IV.

Katika pitapita hiyo, haki za kulitumia jina ziligawanywa. Upande mmoja ulibaki na mitambo mikubwa ya kumbi. Upande mwingine ulitumia jina hilo hilo kwa spika ndogo za kompyuta. Mnamo 2005 Plantronics, watengenezaji wa vifaa vya kusikilizia simu, walilinunua tawi hilo la pili kwa takriban dola milioni 165, kisha wakaliuza mnamo 2009. Mnamo 2012 jina likaenda kwa kampuni nyingine inayojishughulisha na ununuzi wa chapa.

Kiwanda cha Altec katika mji wa Oklahoma City kilipofungwa mwishoni mwa miaka ya tisini, waliokuwa wafanyakazi wake walinunua mashine za kutengenezea spika za zamani, zikiwemo za aina ya 604, na kuendeleza kazi kwa jina tofauti la Great Plains Audio. Wenye jina walikuwa na jina bila mashine. Wenye mashine na ujuzi hawakuwa na jina.

Hali kama hiyo ilitokea ndani ya familia ya Harman yenyewe. AKG, kampuni ya maikrofoni iliyoanzishwa Vienna, Austria, mnamo 1947, ilikuwa mali ya Harman. Mnamo 2017, mwaka ambao Samsung ilikamilisha ununuzi, ofisi ya Vienna ilifungwa. Chapa ya AKG iliendelea, lakini kundi la waliokuwa wahandisi wake walibaki mjini humo na kuanzisha Austrian Audio.

Funzo kwa mnunuzi na mwasisi

Mifano hii yadhihirisha kwamba kampuni ya spika ina sehemu tatu zinazoweza kutenganishwa: jina, ujuzi na mitambo. Mara nyingi sehemu hizo husafiri pamoja. Zinapoachana, sheria hulinda jina, kwa sababu ndilo lililosajiliwa, na soko hulilipia kuliko mengine.

Kwa mnunuzi, hili halimaanishi kwamba chapa ni hadaa. Mmiliki mwenye busara huendelea kugharamia utafiti, na JBL imedumu kwa kuwa wengi wa wamiliki wake walielewa hivyo. Ila jina pekee si ushahidi. Swali la msingi ni nani analimiliki leo, nani anaunda bidhaa yenyewe, na nani atawajibika ikiharibika kabla ya muda wa waranti kwisha.

Swali hilo lina uzito zaidi palipo na bidhaa ghushi. Kenya ilipitisha sheria ya kukabiliana na bidhaa hizo mnamo 2008. Hata hivyo, herufi tatu ni rahisi kuigwa kuliko koili na sumaku. Risiti, waranti na mwuzaji anayetambuliwa na wenye chapa ndivyo vinavyomlinda mteja.

Kwa mjasiriamali wa Kenya, funzo ni zito zaidi. Wengi huzipa biashara majina yao au ya wazazi wao. Alama ya biashara iliyosajiliwa nchini hulindwa kwa miaka kumi, na usajili waweza kuhuishwa tena na tena. Mwekezaji anapokuja na fedha, aghalabu mazungumzo huhusu mashine, wafanyakazi na madeni, huku jina likiandikwa kwenye mstari mmoja wa mkataba ambao hakuna anayeusoma mara mbili.

Mstari huo ndio wa kusomwa kwanza. Je, jina linauzwa au linakodishwa? Mwenye jina akiondoka, ataruhusiwa kulitumia katika kazi ipi? Kampuni ikifilisika au ikinunuliwa na mwingine, jina litarudi kwake au litafuata deni?

Lansing hakuwa na majibu hayo alipotia saini mnamo 1941. Alihitaji fedha, na jina aliliona kama kitu kisichoweza kumtoka. Thomas, Harman na Samsung waliokuja baada yake hawakuwahi kuwa na shaka kwamba ni mali, wakaitunza na kuifaidi kama mali. Fundi alifariki akiwa na deni la dola 20,000, na herufi za mwanzo za jina lake ziko leo katika vitabu vya kampuni iliyolipia takriban dola bilioni 8 kuipata familia nzima ya chapa zinazoandamana nazo.